Vitunguu vya Mama

Miaka kumi na miwili ughaibuni, mtengeneza filamu mmoja alihariri kazi zake mwenyewe, katika chumba cha kupanga juu ya duka la dobi. Kila mnunuzi wa filamu alimjibu yaleyale: “Nzuri, ila hailizi.” Yalimfika shingoni. Akachukua picha za video alizompiga mama yake jikoni alipokwenda kumtembelea nyumbani, akafuta vicheko vyote, akabakiza pale anapojipangusa machozi.

Filamu ilipoonyeshwa kwenye tamasha, ukumbi mzima ulilia. Waandaaji walimpa tuzo, akaipokea akijiona mchafu kuliko wale wanunuzi.

Mama aliitazama filamu hiyo kwenye simu, kisha akampigia.

“Nilikuwa nakata vitunguu, mwanangu, na wewe ulikuwa hapo hapo ukinichekesha. Kicheko changu umekitupa wapi?”