Mkwezi wa Ukunda anayekimbizana na deni ili mama yake alale ndani

Saa kumi na mbili na nusu asubuhi, wageni wa hoteli bado wamo ndani ya vyandarua vyao, na Seifu Mbwana yuko juu ya mnazi wa nne. Miguu ameitia kitanzi cha kamba, panga liko kiunoni, na chini yake bustani ya hoteli hii ya Diani imepangwa viti vya kuotea jua ambavyo bado havina mtu. Anapiga ukelele mmoja, "Haya, chini!", kisha nazi zinaanza kuporomoka.

"Watu hawa wametoka kwao mbali kuja kulala chini ya mnazi," asema akishuka, kijasho chembamba usoni. "Hapana aliyewaambia kwamba mnazi nao una mambo yake. Nazi ikimshukia mtu utosini atalia yeye, na meneja atalia zaidi."

Hiyo ndiyo kazi yake tangu mwaka 1969: kuiangua nazi kabla haijajiangua yenyewe. Mshahara ni shilingi mia tatu na sitini kwa mwezi. Ifikapo saa tisa alasiri wenzake wanakwenda kupumzika, lakini Seifu anachukua kamba yake na kushika njia ya mashamba ya Ukunda, mara nyingine hadi Waa, kukwea minazi ya watu kwa ujira. Ana miaka arobaini na mitatu, na magoti yameshaanza kumlalamikia.

Si njaa inayompeleka huko. "Nakimbizana na deni la nyumba," asema. "Mama yangu amekataa kulala ndani mpaka liishe. Na yeye si msichana."

Nyumba yenyewe iko Ukunda, nyuma ya soko. Ni ya mawe, vyumba vitatu, paa la mabati na baraza pana kwa mbele. Mwishoni mwa mwaka 1970, shirika moja la mikopo ya nyumba mjini Mombasa lilipoanza kuwakopesha wafanyakazi wenye mshahara wa kudumu, Seifu alikuwa amepanga chumba kimoja na mkewe Khamisa na watoto watatu. Bei ilikuwa elfu kumi na nne. Waliuza ng'ombe wawili, Khamisa akatoa akiba yake ya kuuza makuti, wakapata elfu mbili za kutanguliza. Elfu kumi na mbili wakakopa.

"Nilimwuliza karani swali moja tu: kwa mwezi ni ngapi? Akanambia mia na ishirini na mbili. Nikaona naiweza. Nilikuwa nikilipa kodi sabini, na chumba chenyewe ukipiga chafya jirani anakuombea dua."

Mulwa, mwashi wa hoteli aliyetoka Ukambani, alikuwa naye siku hiyo na ndiye aliyemtia moyo. "Nilimwambia, bwana, mwezi ukiisha unalipa, unasahau," akumbuka Mulwa. "Hiyo ni kama kodi tu, lakini unajilipa wewe mwenyewe. Nilisema hivyo na mdomo wangu huu."

Seifu hamsingizii mtu. Yote yalisomwa mbele yake: miaka kumi na mitano, faida ya asilimia tisa kwa mwaka. Lakini masikio yake yalikuwa yameshashiba ile mia na ishirini na mbili, hayakuwa na nafasi ya kitu kingine.

Siku ya kuhamia, Januari 1971, Khamisa alipika pilau ya watu arobaini. Mama yake Seifu, Bi Mwanasiti, aliingia chumba hadi chumba, akapapasa kuta, akafungua madirisha na kuyafunga, akasifu. Kisha akatoka nje.

"Nyumba nzuri, mashallah," alisema. "Lakini ina mtu ndani."

"Nani, mama?"

"Mwenye pesa. Akishatoka, niiteni."

Akarudi zake kwenye kibanda cha makuti alichojengewa katika kiwanja cha binamu yake, ng'ambo ya ua. Mchana alikuja kucheza na wajukuu uani na kufua nazi. Jua likitua, hakai. Alibembelezwa, akatumiwa jamaa, hakuambilika.

Watu walisema ni ukaidi wa uzee. Wengine walisema ni riba, na Seifu hana la kujitetea hapo. "Nilijua, na nikatia sahihi," asema kwa sauti ya chini. "Maalimu wetu alinambia nilimalize deni upesi na nisirudie. Nimekubali. Sijivunii."

Masika ya mwaka 1972 yalimwonea mama. Kibanda kilivuja, na Bi Mwanasiti akashikwa na kifua hadi akalazwa hospitali ya Msambweni siku kadhaa. Aliporudi, alipita mbele ya chumba alichotengewa, chenye dirisha la upande wa mashariki, akaenda kulala mle mle kibandani. "Mvua ikipiga mabati yangu, nilikuwa naona aibu," asema Seifu. "Mimi mkavu, mama yangu anahamisha kitanda toka pembe hii hadi pembe ile."

Basi Januari 1974, baada ya miaka mitatu ya kulipa bila kukosa hata mwezi mmoja, alivaa kanzu yake nzuri, akavuka kivuko cha Likoni kwenda kuuliza deni limefika wapi. Njia nzima alikuwa akipiga hesabu kichwani. Ameshalipa karibu elfu nne na mia nne. Zimebaki kama elfu saba na nusu. Akamwambie mama kwamba mwenye pesa keshafika mlangoni.

Karani, Bwana Muthoka, mtu mpole mwenye miwani, aliangalia daftari lake, akaangalia tena. "Umebakiza elfu kumi na mia sita na themanini na kitu."

"Nilidhani anamsomea mtu mwingine," asema Seifu. "Nikamwambia, ndugu yangu, mimi naitwa Seifu Mbwana. Akasema, ni wewe huyo huyo. Mimi nakwea minazi kila siku, lakini siku ile kizunguzungu kilinishika nikiwa nimesimama chini."

Muthoka hakumfukuza. Alimvutia kiti, akamweleza polepole. Katika mia na ishirini na mbili za mwezi wa kwanza, tisini zilikuwa faida ya shirika. Thelathini na mbili tu ndizo zilizopunguza deni. Mwezi wa pili vivyo hivyo, zimezidi senti chache. Faida hukatwa kwanza, na hukatwa kwa deni lililobaki. Deni likiwa kubwa, faida nayo ni kubwa. Kwa mwendo huo, ikifika mwisho wa mwaka 1985, elfu kumi na mbili zitakuwa zimelipwa kwa karibu elfu ishirini na mbili.

Ndipo Seifu akasema neno moja kwa sauti, hata watu waliokuwa kwenye foleni wakageuka. Alisema, "Nazi!"

Kwa Muthoka neno hilo halikuwa na maana. Kwa mtu aliyekulia Waa kama Seifu, lina maana yote.

Mzee Mbwana, baba yake Seifu, alikuwa na minazi ishirini na sita. Seifu akiwa mtoto mdogo, mzee aliiweka rehani kwa mwenye duka mmoja, akachukua shilingi mia tatu za kumtibu ndugu yake. Rehani ya minazi pwani hii inajulikana: aliyetoa pesa ndiye anayeangua nazi, mpaka siku utakapomrudishia pesa zake zote. Nazi anazokula hazipunguzi deni. Mwenye duka aliangua kila baada ya miezi mitatu, mwaka baada ya mwaka, nazi zikaondoka kwa magunia, nyingine zikakaushwa na kuuzwa mbata Mombasa. Mzee Mbwana hakuwahi kuzishika mia tatu pamoja. Alipofariki, mia tatu ilikuwa bado ni mia tatu.

Na kuna jambo ambalo Seifu hulisema akitazama pembeni. Ukwezi alijifunza kwenye minazi hiyo hiyo. Mwenye duka alimwajiri akiwa kijana, akawa anamlipa ujira wa nazi, nazi za baba yake mwenyewe. Akizileta nyumbani, Bi Mwanasiti alizikuna, akazipika.

"Hapo kwa Muthoka ndipo nilipomwelewa mama," asema. "Miaka yote nilidhani anaiogopa nyumba ya mawe. Kumbe yeye alishaona gunia likitoka mlangoni kwake. Na mimi nilikuwa nalitoa kila mwezi, halafu napiga miluzi."

Lakini mkwezi si mtu wa kukaa chini na kulia. Alimwuliza Muthoka swali ambalo baba yake hakupata nafasi ya kuliuliza: je, mtu akileta zaidi ya ile mia na ishirini na mbili?

"Zaidi yote inaingia kwenye deni lenyewe," Muthoka alimjibu. "Ila uiseme hapa dirishani, kwamba hii ni ya kupunguza deni. Ukinyamaza, itawekwa kama malipo ya mwezi ujao."

"Kwa hivyo rehani hii naweza kuikomboa mnazi mmoja mmoja?"

"Sijui habari za minazi," Muthoka alicheka, "lakini ndiyo."

Seifu alirudi Ukunda na kumweleza mama yake yote, hakuficha. Alitarajia kukaripiwa. Bi Mwanasiti alisikiliza huku akifua nazi, akiichoma kwenye ncha ya kifuo na kuitoa makumbi kama kawaida yake, kisha akauliza, "Zaidi ngapi?"

Walikubaliana shilingi themanini. Seifu angekwea alasiri katika mashamba ya watu, Khamisa angeshona makuti zaidi ya paa za hoteli mpya zinazojengwa, na nazi za ujira Bi Mwanasiti mwenyewe angezifua na kuziuza sokoni. Khamisa alimtania. Vipi mtu asiyetaka kulala ndani ailipie nyumba?

"Silali na huyo aliyemo," mama mkwe alimjibu. "Kumtoa, nitawasaidia."

Tangu hapo kila mwezi mia mbili na mbili zinavuka Likoni, na kila mwezi Seifu anasimama dirishani na kutangaza, kwa sauti ya mtu aliyezoea kuita toka juu ya mnazi, kwamba themanini ni za kupunguza deni. Makarani wamemzoea. Akichelewa kusema, wanamsemea.

Haikuwa rahisi. Mwaka 1975, mnazi ukiwa umelowa, aliteleza akaanguka na kuvunjika mkono. Miezi mitatu hakukwea, na themanini zikakosekana. Mulwa alimshauri aachane na mambo hayo, alipe ya mwezi tu kama wenzake, na pesa ikipatikana anunue redio. "Kwa kweli nilichoka," akiri Seifu. "Nilikaa barazani mkono umefungwa, nikasema basi. Mama akapita na kapu lake la nazi kichwani, akaenda sokoni. Hakunitazama hata kidogo. Mwezi wa nne nilirudi juu."

Mwanzoni mwa mwaka huu wa 1977, Muthoka alimpa habari aliyoingoja: deni limeshuka chini ya elfu sita. Nusu imekwisha. Mwendo wa zamani ungemfikisha hapo mwaka 1980 ukiwa umekwisha.

Jioni ile Bi Mwanasiti hakuvuka ua kurudi kibandani. Aliwaamuru wajukuu wamletee kitanda chake cha kamba, alichochongewa na marehemu mumewe, akakitandika barazani. "Nusu ni yenu," alisema, "na mimi nimekuja nusu." Toka siku hiyo analala hapo, paa la mabati juu, ukuta wa mawe ubavuni, mlango umefungwa nyuma yake. Masika haya hayakumgusa.

Siku hizi wafanyakazi wa hoteli wanaotaka kukopa humwita Seifu pembeni. Hawaambii wasikope, anaipenda nyumba yake na hajutii kuta zake. Anawaambia wasiulize kwa mwezi ni ngapi kabla ya kuuliza mpaka mwisho ni ngapi, na wakiweza walete zaidi mapema, wakati deni bado ni kubwa. Mulwa naye ametaka kujenga mwaka ujao. Safari hii ameuliza maswali mengi hata Muthoka akavua miwani na kujifuta macho.

Mambo yakienda hivi, deni litakwisha kabla ya mwaka 1979 kumalizika, miaka sita mapema, na karibu elfu nne ambazo zingeliwa zitabaki Ukunda. Hata hivyo nyumba itakuwa imemtoa zaidi ya elfu kumi na nane kwa elfu kumi na mbili alizokopa. Seifu anazitaja bila kinyongo. "Nimeinunua ghali," asema, "lakini naijua bei yake. Baba hakuijua yake."

Ni alasiri, na amekaa kwenye kizingiti akifunga kamba yake tayari kwa mashamba. Nyuma yake chumba cha dirisha la mashariki kiko kitupu, kimefagiliwa. Bi Mwanasiti yuko kwenye kitanda chake barazani, macho ameyafumba, mtu angedhani amelala.

Anaulizwa atafanya nini siku atakayokabidhiwa hati.

"Sitapika pilau," asema Seifu. "Pilau nilishapika mapema, ikanitokea puani. Nitarudi toka Mombasa, nitavua viatu, nitakibeba kitanda hiki nikiingize ndani. Mlango nimeshaupima. Itabidi nikingoe miguu miwili, kisha kitapita."

"Kichwa upande wa dirisha," adakia Bi Mwanasiti bila kufumbua macho.

Seifu anaiacha kamba chini, anamtazama mkewe. Khamisa naye amesimama na ukuti mkononi. Katika miaka sita na nusu, ni mara ya kwanza mama kukichagulia kitanda chake mahali ndani ya nyumba ile.