Bibi Trude na Koo Lisilouma

Siku niliyokwenda kazini na skafu shingoni naikumbuka vizuri, mwanangu, ingawa meno niliyokuwa nayo siku ile hakuna hata moja lililobaki. Nilikuwa msichana nimetoka Unguja juzijuzi. Mchana natunza wazee Wembley, jioni nasoma shule ya watu wazima. Miongoni mwa wazee wangu alikuwamo Bibi Trude, Mjerumani, aliyekuwa nyota kwao zama za filamu zisizo na sauti. Picha yake ya ujanani ilikuwa ukutani, na uzuri ule ungesimamisha basi pasipo na kituo.

"Tulikuwa tukisema lolote," aliniambia. "Mpenzi wangu anakufa mikononi mwangu, mimi namuuliza mchana kumepikwa nini. Viziwi waliokuwamo sinema walisoma midomo yetu wakacheka, wenzao wanalia."

Basi jioni ile ilikuwa zamu yangu kusimama mbele ya darasa nizungumze Kiingereza. Asiyesimama hapati cheti, na bila cheti ningefua mashuka ya watu mpaka kiama. Lakini wiki iliyotangulia nilifungua kinywa, wakacheka hadi nikadhani mtaa wa jirani, Neasden, wamesikia. Nikaamua kuugua.

"Bibi, leo siendi darasani. Koo."

Akanitazama, akaivuta skafu ikafunguka. "Koo lako zima, binti. Hata mimi nilijifunga hivi hivi."

Akanieleza. Filamu zilipoanza kusema, aliitwa studio apimwe sauti. Alikuwa na lafudhi ya kijijini kwao, akaogopa kuchekwa, akatuma habari kwamba koo linauma. Wakamwita tena: koo. Kisha hawakumwita.

"Nafasi yangu alipewa msichana wa kijiji cha jirani, lafudhi yake mbaya kuliko yangu. Walimcheka siku chache, wakamzoea. Mimi nimemaliza maisha nikishona nguo za waigizaji wengine." Akanirudishia skafu. "Hakuna aliyenicheka. Hakuna aliyenisikia."

Nikaenda. Maji ukiyavulia nguo huna budi kuyaoga. Walicheka, sikufichi, nami nikasema mpaka mwisho. Wao ndio waliochoka kwanza. Cheti nikapata.

Sasa wewe, mwana wa jirani yangu, Kiswahili chote unakielewa, lakini bibi yako akipiga simu kutoka Pemba unamjibu Kiingereza, au unampa mama yako simu, kwa kuwa binamu zako walikucheka likizo ile. Najua wahenga walisema simba mwenda kimya ndiye mla nyama. Hayo ni ya simba. Wewe sema. Maneno yakijikwaa, yajikwae. Bibi yako hangojei hotuba, anangojea sauti yako, na iko siku masikio yake hayatasikia tena.

Mungu akulainishie ulimi, akuondolee hofu ya vicheko, na kila ukifungua kinywa akujaalie wa kukusikiliza.