Vitufe Saba na Rangi ya Kucha

Vitufe vilikuwa saba, vya kusukuma juu na chini, na kando ya kila kimoja nilichora alama kwa rangi nyekundu ya kucha. Hiki kikae hapa, hiki kisivuke hapa. Mtu akipanda kwenye pikapu yangu nilimwambia kabla hajafunga mlango: kaa unavyotaka, kula, lala, lakini hiyo ikwalaiza ya kurekebisha sauti ya redio ukiigusa utashuka utembee. Na sikuwa natania. Kutoka Lodwar hadi Kakuma si mahali pa kutembea, na jua la kule halimwonei mtu haya.

Ilikuwa miaka ya tisini. Nilikuwa na duka Lodwar, duka la kila kitu: sukari, sabuni, leso, betri, kaseti tupu. Mara moja kwa wiki nilipakia mzigo nikaupeleka Kakuma, ambako kambi ya wakimbizi ilikuwa imekuwa kubwa kuliko mji wenyewe. Niliendesha mwenyewe. Madereva niliowahi kuwaajiri walikuwa wawili, na wote wawili tuliachana kwa maneno makali, kwa hiyo nikaona heri nijitukane mwenyewe nikikwama kwenye mchanga.

Kwetu si huko. Kwetu ni upande wa Kitale, kwenye mvua na mahindi, na huko ndiko alikokuwa binti yangu.

Nilimpeleka kwa mama yangu akiwa na mwaka mmoja na nusu. Malaria ilikuwa imempiga mara mbili mfululizo, na mara ya pili alilala siku nne bila kufungua macho vizuri. Daktari akaniambia, mama, huyu mtoto mpeleke kwenye baridi. Baba yake alikuwa ameshajiendea zake zamani, hakukuwa na wa kushauriana naye. Nikampeleka. Nilisema ni miezi mitatu tu. Miezi mitatu ikawa Krismasi, Krismasi ikawa Pasaka, njia ikawa na wezi wa bunduki, giaboksi ikafa, halafu duka, halafu... wacha nisijitetee. Nilienda mara moja tu alipotimiza miaka miwili, nikakaa siku mbili. Alilia aliponiona na akalia nilipoondoka. Hicho kilio cha pili ndicho nilichorudi nacho Lodwar, nikajipa moyo kwamba ananijua.

Mama yangu hakusoma, na simu haikufika kwake. Tulikuwa tunatumiana kaseti, kama walivyofanya watu wengi kule. Yeye alikuwa na redio kaseti ya betri. Alibonyeza akaongea, akaifunga kaseti kwenye kipande cha gazeti, akampa dereva wa basi. Ikifika kwangu niliisikiliza garini siku kadhaa, halafu nikaazima redio ya jirani, nikarekodi jibu langu juu yake na kuirudisha. Naye akisikia yangu, anarekodi juu yangu. Kaseti moja, hiyo hiyo, inapanda na kushuka. Na dukani nilikuwa na boksi zima la kaseti tupu! Usiniulize. Hakuna kati yetu aliyefikiri kwamba habari za maharagwe na ng'ombe ni kitu cha kuweka. Barua ukishaijibu, si basi?

Shida ilikuwa sauti. Redio yangu ya gari ilimfanya mama aongee kama mtu aliyefungiwa ndani ya pipa. Kulikuwa na mvumo, kuku, sufuria, mvua juu ya mabati, na yeye yuko nyuma ya hayo yote anahangaika. Basi nikanunua ikwalaiza kwa dereva wa lori aliyekuwa akishuka kutoka Lokichoggio, na fundi mmoja wa Kakuma akanifungia. Alikuwa mtu wa Sudan Kusini, mrefu, msalaba wa mbao shingoni, mwenye kibanda cha mabati kambini alikotengeneza redio za watu. Kiswahili alikuwa amekiokota huko huko Kakuma na alikisema bila kukionea haya. "Hizi mbili za kushoto ni ya ngurumo," akanionyesha kwa bisibisi. "Hizi za katikati, mtu mkubwa naongea. Hizi za kulia ni ya vitu vidogo vidogo."

Vitu vidogo vidogo sikuvitaka. Nilikaa ndani ya gari nyuma ya duka mchana kutwa, madirisha yamefungwa kwa sababu ya upepo, jasho linanitiririka mpaka kiunoni, nikisukuma kimoja kimoja. Ngurumo nikaishusha. Vya katikati nikavipandisha. Vile viwili vya mwisho kulia nikavishusha mpaka vikagota, na kuku wakanyamaza, na mvua ikakatika, na mama yangu akatoka. Haki ya Mungu, alitoka pale kama amekaa kiti cha pembeni. Nikalia kama mtoto. Nilipomaliza kulia nikaenda kutafuta rangi ya kucha.

Kuanzia hapo nilimsikia vizuri kila kaseti. Mtoto mzima. Mtoto anakula. Mtoto amemfukuza jogoo mpaka kwa jirani. Lakini mtoto mwenyewe sikumsikia. Kila jibu nilisihi: mama, mwambie aongee, hata neno moja, hata aseme hataki. Na mama alijibu, "Nikimsogezea redio anakimbia, anaona haya. Atazoea." Sijui kama nimewahi kutamani kitu namna ile. Nilikuwa naona watoto wa wateja wangu wakiomba peremende, nikawakaripia bure, kwa sababu waliweza kusema "nipe" na mimi sikujua wangu anaisemaje.

Mwaka ukapita hivyo. Mtoto alikuwa amekaribia miaka minne wakati spika ya upande wangu ilipokufa. Nikampelekea yule fundi wa Kakuma gari asubuhi, nikamwachia funguo, nikaenda kwa miguu kudai deni la sabuni kwa mama mmoja wa sokoni. Kaseti ya mama ilikuwa ndani ya redio. Ilikuwa imefika siku sita nyuma na nilikuwa nimeisikiliza mpaka naijua kwa moyo: maharagwe yamekomaa, bati la jikoni linavuja, mtoto ameota meno ya nyuma.

Nikarudi nikamkuta fundi ameinamia redio, na vitufe vyangu vyote saba vimehama. Vyote! Alama zangu zimebaki peke yake.

"Ala! Nani amekuambia uguse hivyo?"

"Napima spika, mama."

"Spika inapimwa kwa kuniharibia? Huoni alama? Au unafikiri nilikuwa nachezea rangi?"

Nilimwambia na mengine, ambayo mtu wa kanisa hapaswi kuyaandika. Akangoja niishiwe pumzi. Halafu akainua kidole. "Mama, wewe nakata kitu. Hii mtoto ni ya nani?"

"Mtoto gani?"

Akarudisha kaseti nyuma kidogo. Alikuwa ameshusha vile vya katikati, mama yangu akawa mbali, anaongea kama yuko chumba kingine. Vile viwili vya kulia vilikuwa vimepanda hadi juu. Mvua ikarudi, ikapiga mabati kwa nguvu. Sufuria ikalia. Na kati ya mvua na sufuria, nyembamba kama uzi, kulikuwa na sauti inayoimba wimbo usio na maneno.

Nikaketi kwenye ngazi ya mlango wa gari.

Alikuwa hapo. Alikuwa hapo wakati wote nikisikiliza maharagwe. Akaacha kuimba, akauliza kwa lugha ya kwetu, na ninaiandika hapa kwa Kiswahili: "Unaongea na nani?"

Mama yangu, mbali na kinasa sauti, akamjibu, "Naongea na mama yako."

"Mama ni wewe."

"Haya, haya, nenda ukacheze," akasema mama yangu, na akarudi kwenye bati la jikoni linalovuja.

Fundi hakujua lugha yetu. Akaniuliza, "Nasema nini?"

"Anaomba uji," nikamwambia.

Akanitazama kidogo. Nafikiri watu waliomletea kaseti zao pale walishamdanganya mara nyingi, akajua ni wakati gani wa kutouliza tena. Akabonyeza, kaseti ikatoka. Akaigeuza, akachukua bisibisi, akavunja vile vipande viwili vidogo vya plastiki vya mgongoni, kimoja baada ya kingine. Ukivivunja hivyo, kaseti hairekodiki tena juu yake.

"Wewe!" Nikasimama. "Sasa mimi nitajibu na nini?"

"Hii haifutwi. Mimi nilikuwa na moja ya mama yangu. Nikarekodi nyimbo ya kanisa juu yake, nyimbo mzuri sana." Akanipa kaseti. "Kujibu, wewe iko na gari."

Sikumuaga. Niliondoka na hasira zangu, na hasira ilinifikisha karibu nusu ya njia ya Lodwar. Hapo ndipo ilipoisha na hesabu nyingine ikaanza. Kaseti ile ilikuwa imepanda na kushuka mwaka mzima. Kila ilipofika, binti yangu alikuwa ndani yake, akiimba, akiuliza, akipigapiga sufuria, na mimi nilimshusha kwa kidole changu mwenyewe mpaka akagota. Halafu nikaongea juu yake: "Mwambie aongee, hata neno moja." Woi! Nilisimamisha gari katikati ya barabara tupu, nikapiga usukani mpaka mkono ukaniuma.

Kesho yake sikufungua duka. Nilijaza tangi, nikashika njia ya kusini. Pale Kalemng'orok, niliposimama kupoza injini, kina mama wauza makaa wakanisalimia, "Ejok!" Nikajibu ejok, yaani kwema, na mmoja akaangua kicheko akaniambia uso wangu unasema vingine. Vitufe sikuvigusa. Niliviacha vilivyoachwa na fundi, na njia nzima nilikuwa nairudisha nyuma ile sehemu moja. Mama ni wewe. Mama ni wewe. Ilinichoma kila mara, na kila mara nikairudisha, kwa sababu hiyo ndiyo sauti ya mtoto wangu na sikuwa na nyingine. Mpaka leo sina nyingine. Binti yangu sasa ni mtu mzima, anaongea kwa sauti nzito kama ya baba yake, na ukiniuliza aliongeaje akiwa mdogo nitakutolea kaseti moja tu, na humo ananikana.

Nilifika mchana, mvua inanyesha. Mama yangu akatoka mbio na gunia kichwani, akanikumbatia, akanisukuma, akanikumbatia tena. Nyuma ya sketi yake kulikuwa na jicho moja.

"Msalimie mama," akamwambia.

Nikaongea. Nilisema sijui nini, habari yako, umekuwa mkubwa. Jicho likapanuka. "Ni yule wa kaseti!" akamwambia nyanya yake.

Hakunijia. Lakini alilijia gari. Mama yangu alipoingia jikoni kupika chai, mtoto alizunguka pikapu mara mbili kwenye mvua, halafu akapanda kwa magoti upande wa dereva, na mimi nikaingia upande wa pili polepole, kama mtu anayemkaribia kuku. Niliwasha redio bila kaseti, taa ndogo za ikwalaiza zikawaka. Akagusa alama nyekundu kwa ukucha.

"Hivi ni vya nini?"

"Vya kupandisha na kushusha sauti."

"Ya nani?"

"Ya anayeongea."

Akanitazama. Mimi ndiye niliyekuwa naongea. Akashika kitufe kimoja akakishusha, na mimi, sijui nani alinifundisha, nikapunguza sauti. Akakishusha kingine, nikanong'ona. Akakipandisha, nikapaza. Wacha wee! Alicheka mpaka akaegemea usukani, kicheko ambacho sikuwa nimekisikia maishani mwangu, na kilikuwa karibu na mkono wangu, hakihitaji kutengenezwa. Akavishusha vyote saba hadi chini. Nikanyamaza kabisa. Mvua ikawa inapiga juu ya gari. Akanichungulia usoni kuona kama kweli nimezimika.

Kisha akavipandisha, kimoja kimoja, kwa makini, mpaka vyote saba vikagota juu. Akaweka mikono mapajani akaningoja.

"Ongea," akasema.

Nilikuwa nimekuja na maneno. Nilikuwa nimeyapanga tangu Kalemng'orok. Nikafungua mdomo na hakikutoka kitu, machozi ndiyo yanateremka. Akangoja. Akajaribu kitufe kimoja tena, chini, juu. Bado. Basi akateleza kutoka kitini, akasimama mlangoni mwa gari kwenye mvua, akaita kuelekea jikoni kwa ile sauti nyembamba.

"Mama! Yule wa kaseti ameharibika!"

Na mama yangu, kutoka jikoni, akaitika.