Bakora Iliyoota Nyuma ya Choo

Baba yangu hasemi. Ukimuuliza goti linamuuma kiasi gani, anakuambia mbuzi wa jirani wamezaa. Ukimuuliza amekula nini mchana, anakuuliza barabara ya Same imekaaje. Nimekulia katika tabia hiyo na bado inanipandisha hasira, hasa nikikumbuka lile jambo la mpera, ambalo neno lake moja tu lingelizuia.

Nilikuwa nimepanda mlima kwenda nyumbani, juu ya Gonja, kwa likizo ya wiki mbili kutoka Same ninakofanya kazi. Nikakuta boma limemezwa na vichaka. Kilichoniudhi zaidi ni mpera pori ulioota nyuma ya choo. Hakuna aliyeupanda isipokuwa ndege, na matunda yake ni madogo, makali, ya kuliwa na popo. Siku hiyo ulikuwa umechanua maua meupe yenye nyuzinyuzi, nyuki wamejaa wanavuma. Mimi nikaona maficho ya nyoka. Shina moja lilikuwa limezungushiwa maganda makavu ya mgomba, nikadhani ni takataka zilizonasa. Nikachukua panga. Saa nne asubuhi pakawa peupe, nikamwita baba aje aone kazi.

Alikuja akishikilia ukuta. Akatazama visiki, akatazama lundo la matawi.

"Umefanya kazi, mama," akasema. Ananiita mama kwa sababu nina jina la mama yake. Kisha akarudi ndani.

Jioni nilipotoka kwenda kuchoma lile lundo nilimkuta ameinama hapo, anavuta shina lenye maganda ya mgomba. Juu lilikuwa limejikunja, limekaa kama mpini wa mwavuli. Ndipo nikaelewa. Alikuwa amelikunja lingali chipukizi, akalifunga, na kwa miaka minne amekuwa akilifungua na kulifunga upya ili likue na kishikio chake. Alikuwa anaotesha bakora. Panga langu lilikuwa limeikata vipande viwili.

"Sasa baba, si ungeniambia?"

"Hukuuliza."

Hukuuliza! Ni nani anayeuliza kichaka kabla ya kukifyeka? Nilitaka kulia na nilitaka kupiga kelele. Tangu Pasaka alikuwa hajafika kanisani, maana bakora yake ya zamani ilivunjika, kanisa liko juu kwenye mwinuko, na ule mpini wa jembe anaojikongojea nao nyumbani hawezi kuingia nao ibadani. Watu walidhani ana shughuli za shamba. Alikuwa anausubiri mpera.

Nikaanza kuhangaika. Nilikwenda gulioni Myamba, nikarudi na fimbo nzuri iliyonyooka. Akaigeuzageuza. "Hii ni ya ng'ombe. Nitamchunga nani?" Nikaingia korongoni, nikakata mpera mwingine, mikono ikachubuka. Akaupima kwa jicho moja. "Ukikauka utapinda." Mwisho nikapiga simu Same, nikaagiza fimbo ya chuma, ile yenye mpira chini na kitufe cha kuirefusha, ikaletwa na basi. Akabonyeza kitufe, ikaingia, ikatoka, ta, ta.

"Hii ni ya wagonjwa, mama."

"Basi kaa nyumbani!" nikafoka. Nilimfokea baba yangu mzazi, mzee wa watu, kwa kosa nililolifanya mimi.

Jumapili asubuhi nikamkuta mlangoni amevaa koti, fimbo ya chuma mkononi. Tukapanda mwinuko polepole, nami nikifurahi moyoni, nikijiambia yameisha.

Hatukuwa tumefika hata kwenye ngazi za kanisa pale muumini wa kwanza alipotusimamisha.

"Shikamoo mzee. Pole! Kumbe unaumwa?"

"Marahaba. Hapana, ni goti tu."

"Pole sana, mzee. Ulilazwa?"

"Pole, babu. Ndiyo maana hatukuoni."

Wakaja mmoja mmoja, wanaume kwa wanawake, wakiitazama fimbo kwanza, kisha uso wake. Bakora ya mpera angeingia nayo kama mzee mwingine yeyote. Hii iliwatangazia watu wote alichokuwa amekificha tangu Pasaka. Kila aliyempa pole alimjibu vilevile: "Asante. Mwanangu ndiye aliyeninunulia."

Wakanigeukia mimi. Mama mmoja wa kwaya akanishika mikono yote miwili. "Mungu akubariki, binti. Watoto wa siku hizi hawakumbuki wazee." Mwingine akamwambia baba, "Una mtoto, mzee."

"Ndiyo," baba akaitikia, mkono umekaza kwenye kile kishikio cha plastiki. "Ninaye."

Nilifungua mdomo niwaambie kwamba bakora yake niliikata mimi. Kengele ikagongwa, watu wakaanza kuingia, na baba akanitangulia.