Harusi Yangu Ndani ya Kaseti ya Jirani

Mimi na jirani yangu wa mtaa wa Kikula tulifunga ndoa katika misa moja, kila mmoja na mke wake, pamoja na jozi nyingine saba za maarusi. Mishahara ya kiwandani ilikuwa imekwisha kuwa hadithi, na parokia ikaona heri ituoze kwa mkupuo. Sisi wawili tulichangia mpiga video mmoja. Kila mtu alileta kaseti yake ya saa tatu, naye angezibadilisha kamerani.

Alituuliza jambo moja tu: utepe uende mwendo wa kawaida, ao polepole?

Jirani akachagua kawaida. Mimi niliyemaliza sekondari nikauliza polepole ina faida gani.

"Saa tatu zinakuwa sita. Lakini picha zitabanana kwenye utepe, hazitatoka safi."

Nilisikia sita tu. Nikamhurumia jirani: hotuba za wajomba zake ataziweka wapi?

Jumapili iliyofuata mimi na mke wangu tukaweka kaseti yetu, tukaketi mbele ya tele. Wajomba zangu wote walikuwamo, kila mmoja kama moshi uliovaa tai. Mke wangu akasogea mpaka pua ikakaribia kioo, akijitafuta.

"Huyu ni minye, ao ni pazia?"

Jirani alikuja kuchungulia. "Yaya, kaka yangu, siku ile kwako kulikuwa mvula? Kwetu yuwa ilikuwa inawaka!"

Tangu hapo, kila Jumapili mke wangu alivuka ua kwenda kwao. Mimi, mtu wa kukaa nyumbani, nilibaki na saa zangu sita za ukungu, nikisikia kicheko chake ng'ambo ya ukuta. Kaseti ya mtu inamchekesha mke wangu! Jumapili ya nne wivu ulinitoa kitini.

Nikawakuta wanatazama ile sehemu ambapo jirani anavishwa pete. Nyuma ya kiwiko chake, pembeni kabisa, tulikuwa sisi, tukingoja zamu yetu. Mke wangu alionekana wazi, hata vitundu vya shela ungevihesabu. Kumbe alikuwa mzuri hivyo! Alikuwa ananitazama mimi, anatabasamu.

Na mimi nilikuwa nimeinama, macho kwenye viatu vipya vya jirani.

"Umeona?" mke wangu akasema. "Minye niko naangalia weye. Weye uko naangalia viatu ya bantu bengine."

Jirani alicheka hadi akashika meza. Nikavuta kigoda, nikaketi karibu na mke wangu.

"Rudisha kidogo," nikamwomba jirani. "Pale anapotabasamu."