Meza za Mwezi wa Saba

Nitasema mapema nisije nikaonekana mnafiki: Profesa Shih Bi-yun nilimwonea kijicho miaka ishirini na miwili. Tulifundishwa na mwalimu mmoja, tukaajiriwa chuo kimoja hapa Tainan, milango ya ofisi zetu ikatazamana. Nilimtangulia mwaka mmoja, kwa hiyo hadi leo ananiita kaka. Baba yake aliuza uji wa samaki jirani na hekalu. Yeye huja kufundisha masomo ya fedha kwa pikipiki, mfuko wa mapera umening'inia mbele, kandambili miguuni. Na bado wanafunzi walijaa kwake mpaka wakakaa sakafuni. Kwangu walikuja wenye usingizi.

Siku moja kampuni ya skrubu ya Gangshan ikatafuta profesa wa kukaa kwenye bodi yake, mtu wa nje wa kuwachunga wakubwa. Walimfuata Bi-yun kwanza, akakataa. Niliposikia nikaenda mwenyewe kwa mwenye kampuni, Bosi Yen, na kopo la chai ya mlimani, nikapewa kiti. Nilifurahi kuliko siku ya harusi yangu. Kadi zangu mpya za jina niliziacha makusudi mezani, pale tunapokunywa chai, ili Bi-yun azione.

"Hongera, kaka," akasema. "Kule wana kiyoyozi kizuri."

"Wivu huo."

Akacheka, akanipa pera.

Miaka mitatu baadaye akasimama kwenye semina yetu ya Ijumaa na utafiti uliowavunja watu mbavu. Mwezi wa saba wa kalenda yetu ya zamani, mizimu yenye njaa inapofunguliwa mlango, kila kiwanda hutandika meza za sadaka uani: kuku, mchele, biskuti, bia. Kila kikosi cha mashine huwa na meza yake, maana hakuna fundi anayekubali mashine yake isahauliwe halafu imkate kidole. Bi-yun alikusanya picha za sherehe hizo kwenye majarida ya viwanda mia moja na kumi, miaka kumi na mmoja mfululizo, akahesabu meza, akazilinganisha na mauzo yaliyotangazwa.

"Dada, umehamia idara ya mizimu?" nikamuuliza mbele ya watu. Nilicheka kuliko wote.

"Mkaguzi wa hesabu anadanganyika, kaka," akanijibu. "Mizimu nani atathubutu kuidanganya? Ukiitandikia meza ya mashine ambayo haipo, umeikaribisha ihamie kwako. Hata bosi mwizi hataki balaa hilo."

Vicheko vikapungua. Mkuu wa idara akatoa kalamu, na roho ikaniuma.

Jumatatu akabisha hodi ofisini kwangu, akafunga mlango. Akaweka picha mbili mezani, zote za kiwanda cha Gangshan. Ya zamani ilikuwa na meza kumi na nne. Ya mwaka jana ilikuwa na tano, na taarifa ya kampuni ilisema mauzo yameongezeka maradufu. Kwenye hiyo ya pili nilikuwemo mimi, mstari wa mbele, nimeshika udi, natabasamu.

"Nimekwenda kuona mwenyewe," akasema. "Nimechungulia jengo la nyuma, wamefuga bata. Mama anayeuza chakula cha boksi getini anasema zamani alipika boksi mia sita, sasa mia mbili. Na hao wateja wao wakubwa, anwani yao ni chumba kimoja juu ya saluni. Kaka Ko, taarifa ya mwaka inapita bodini Alhamisi. Usigonge muhuri. Omba kwanza wakuonyeshe maghala."

Nilijua anasema kweli. Naomba hilo lieleweke. Kilichoniwaka kifuani hakikuwa hofu wala aibu. Miaka mitatu nimesimama mbele ya meza zile na udi mkononi, nisione kitu, na yeye kaona kwenye picha ya jarida! Nikiomba maghala, watu watasema ni Bi-yun aliyegundua. Nikinyamaza, huenda akaumbuka.

"Kiti kile ulikitaka wewe," nikamwambia. "Sasa unataka kunitoa."

"Walinipa nikakataa, kaka."

Hapo ndipo aliponimaliza. Alhamisi nikagonga muhuri.

Mwezi wa kumi kampuni ikaanguka. Utafiti wake ulikuwa umeshachapishwa, waandishi wa habari wakapanga foleni kwenye ngazi zetu. Wazee waliotia akiba zao kwenye hisa zile walikuja kulia getini pa chuo. Mimi, badala ya kuwaonea huruma, nilikuwa nahesabu ni vituo vingapi vya televisheni vimemhoji Bi-yun. Saba.

Nikashtakiwa kwa muhuri ule, na mahakamani wakili wangu alishikilia kwamba sikuambiwa lolote wala nisingeweza kujua. Hilo likikubaliwa, narudi nyumbani na kazi yangu ninayo. Bi-yun akaitwa kutoa ushahidi.

"Kabla ya taarifa kupitishwa," mwendesha mashtaka akamuuliza, "ulimwonya mjumbe yeyote wa bodi?"

Akanitazama, akashusha macho.

"Niliongea na watu wengi wakati ule," akasema polepole. "Siwezi kumkumbuka kila mmoja."

Mwanamke huyu alikumbuka meza za miaka kumi na mmoja! Alikuwa anakichafua kiapo chake kwa ajili yangu. Ningepaswa kushukuru. Haki ya Mungu, shukrani haikuja, kilikuja kijicho kilekile: kumbe hata kwa wema atanishinda, na nitazeeka mkabala na mlango wake nikiwa mtu aliyehurumiwa.

Nikasimama. Wakili akanivuta koti.

"Anadanganya," nikasema. "Alinionya siku tatu kabla. Picha alinionyesha. Nikagonga muhuri."

"Kaka, kaa chini," Bi-yun akasema, machozi yanamtoka. "Tafadhali, kaa."

Sikukaa. Magazeti ya kesho yake yaliandika kwamba dhamiri ndiyo iliyoniinua. Niliyasoma yote kwenye chumba cha mahabusu, na kwa mara ya kwanza jina langu lilikuwa juu ya lake.