Yago, Jina Lililoleta Chafya

Chafya ilisikika usiku wa manane, ndogo kama ya paka, nikashtuka. Mchana wanawake wa ukoo walimtajia mwanangu majina ya mababu huku wakimnusisha ugoro, maana kwetu Bomet mtoto hupiga chafya likitajwa jina la babu anayerudi kwake. Hakupiga hata moja. Nikaogopa, nikawaza labda hana babu wa kumrudia, labda hatakaa na sisi. Sasa ukungu umeshuka kwenye majani chai, ananyonya, namnong'oneza jina nililolipenda kwenye tamthilia ya Kihispania, na hapo hapo, chafya.

“Umemwita nani?” mama mkwe akauliza kutoka kitanda cha pili.

“Yago, mama. Ni Yakobo kwa Kihispania.”

Akaja akashika kisigino cha mtoto, akacheka polepole. “Marehemu mume wangu alibatizwa Yakobo. Mchana tulimtaja kwa majina ya boma tu, tukasahau la kanisa. Na vile alipenda kujifanya mzungu.”

Kisha akaninong'oneza, “Mbele ya watu ni Yakobo. Hilo lingine ni letu wawili.”

Nikakubali. Nyinyi wasomaji nimewaambia kwa sababu gazeti hili mama mkwe hufungia mboga tu, halisomi. Sitamwambia mtu mwingine.